Kijiji Kilichokuwa Kwenye Diski

Watu walimwita Kiguu, kifupi cha Kiguu-na-njia, na hakuna aliyemsingizia. Alikuwa fundi umeme. Akiwa bado anafunga taa jengo hili, kichwa chake kilishafika jengo lile, na mkono mmoja ulikuwa mfukoni ukitafuta funguo za pikipiki. Chakula alikula wima. Simu alizungumza huku anazunguka meza kama mtu anayetafuta kitu alichodondosha. Mke wake aliitwa Mama Watoto, ingawa watoto wenyewe walishakua wakaenda zao, na Mama Watoto alishazoea kumwona mgongo zaidi ya uso. "Nakuja sasa hivi," ndivyo Kiguu alivyoaga kila asubuhi, na hiyo sasa hivi yake ilimalizika usiku.

Mtu wa namna hiyo ndiye aliyeanguka kutoka kwenye ngazi.

Haikuwa kazi ya kutisha. Alikuwa anabadilisha taa kwenye ukumbi wa shule, na badala ya kushuka asogeze ngazi, akajinyoosha ili afikie taa ya pembeni. Ngazi ikateleza. Mguu wa kulia ukavunjika chini ya goti. Daktari akaufunga plasta kutoka vidoleni hadi pajani, akamwambia aende nyumbani akapumzike.

"Kupumzika ni kufanya nini?" Kiguu akauliza.

"Ni kukaa."

"Nikishakaa?"

"Unaendelea kukaa," daktari akasema, akamwita mgonjwa mwingine.

Nyumba ilimshinda tangu siku ya kwanza. Alikaa kiti cha dirishani, akahamia cha mlangoni, akarudi cha dirishani akakikuta kimeshapoa, akahama tena. Alifungua redio iliyokuwa nzima ili aisafishe, na alipoifunga ikaanza kukoroma. Alitengeneza swichi ya jikoni ambayo haikuwa na ubaya wowote. Plasta ilipomwasha alijikuna ndani yake kwa sindano ya kufumia ya mke wake, mpaka sindano ikadumbukia humo, ikabidi Mama Watoto aitoe kwa koleo huku yeye amelala kifudifudi kitandani akilaumu urefu wa sindano.

Mama Watoto alifanya kazi mapokezi, kwenye kliniki ya meno. Alitoka asubuhi na kurudi alasiri. Katikati ya hapo Kiguu alimpigia simu kila alipojisikia.

"Uko wapi?"

"Kazini."

"Unarudi saa ngapi?"

"Saa ile ile ya jana." Halafu, kwa sauti ya chini: "Mume wangu, nina watu hapa wamevimba mashavu, na wamekaa wanasubiri zamu zao bila kelele. Jaribu na wewe."

Aliyempa Kiguu shughuli ni mdogo wake wa kike. Huyo alikuwa na kibanda cha kutengeneza simu na kompyuta, na mtaa mzima ulimwita Bisibisi, kwa sababu hata akienda msibani ungeikuta bisibisi kwenye mkoba wake. Alikuja kumjulia hali kaka yake, akamkuta anafungua feni.

"Kaka, hiyo feni imekosa nini?"

"Bado sijajua."

Bisibisi akaichukua feni mikononi mwake, akaiweka juu ya kabati asikoweza kufika mtu mwenye mguu mmoja. Kisha akachuchumaa mbele ya televisheni na kuvuta mashine ya gemu iliyokuwa rafu ya chini. Ilikuwa ya zamani, nyeusi, nzito kama tofali, aliyoiacha binti yao mdogo alipokwenda chuoni. Akaiwasha. Ikanguruma, ikakohoa, ikaamka. Bisibisi akatoa kwenye mkoba CD ya gemu la mpira na nyingine ya magari, akazijaribu moja baada ya nyingine, na zote mashine ikazikataa.

"Inasema haina nafasi," Bisibisi akaeleza. "Gemu hizi hazichezwi kwenye CD tu. Lazima kwanza zinakiliwe kwenye diski iliyomo ndani, ndiyo kusakinisha kwenyewe. Na diski yenyewe ni ndogo, halafu imezeeka. Sikiliza."

Kiguu akasogeza sikio. Ndani ya ule mngurumo kulikuwa na ka, ka, ka, kama mtu anayegonga kucha kwenye meza.

"Inakufa hiyo. Nitakutafutia kubwa. Tutahamisha vyote vilivyomo kwenye diski ya nje, tutatoa hii, tutaweka mpya, halafu tutavirudisha. Kazi si ngumu, kaka. Ila ni kazi ya kusubiri."

Neno hilo la mwisho lilimpita sikio moja likatokea la pili.

Siku mbili tatu baadaye Bisibisi alipita na diski mbili, akaziacha kwa jirani kwa kuwa alikuwa mbioni, kisha akatuma ujumbe: "Kaka diski nimekuachia kwa jirani. Nisubiri Jumapili tufanye wote. Usifute vitu vya wifi." Kiguu aliusoma akiwa amesimama kwa mguu mmoja, kidole kwenye ukuta. Akashangaa kidogo. Nyumba yao haikuwa na wifi. Intaneti waliyoijua wao ni ya bando la simu. Kama ni vitu vya intaneti, akajiambia, hakuna cha kufuta, na Jumapili ilikuwa mbali kama nchi ya watu.

Basi asubuhi ya Jumatano, Mama Watoto alipofunga geti tu, Kiguu akaagiza diski zake kwa jirani, akavuta stuli mbele ya televisheni, akanyoosha plasta yake pembeni, akaanza.

Mwanzo ulikwenda vizuri mno. Akachomeka diski ya nje. Akatafuta kwenye menyu mahali pa kunakili vyote, akapapata bila kuuliza mtu, akabonyeza. Kwenye skrini ukatokea mstari mwembamba mtupu, ambao ulitakiwa kujaa rangi kutoka kushoto kwenda kulia. Rangi ikaingia kidogo pembeni. Kiguu akaitazama. Akaenda jikoni na magongo yake, akanywa maji, akarudi. Rangi ilikuwa pale pale. Akaenda dirishani kuangalia nani anapita, hakupita mtu, akarudi. Pale pale. Akaigonga mashine kwa kucha kama inavyojigonga yenyewe. Akaketi juu ya mikono yake. Mguu mzima ukaanza kucheza wenyewe sakafuni, na ule wa plasta ukawasha kuliko siku zote.

Kama angekuwa mtu mwingine angelala. Yeye alikata kauli kwamba mashine imeganda. Na kwa fundi umeme, kitu kilichoganda dawa yake ni moja: unazima, unawasha. Akavuta waya ukutani.

Baada ya hapo mikono ikachukua usukani. Mikono yake ilifurahi, maana tangu aanguke haikuwa imeshika skrubu ya maana. Akafungua kifuniko, akatoa diski ya zamani, akatia mpya, akawasha. Mashine ikauliza kama diski hii ifomatiwe. Akabonyeza ndiyo. Ikaandaa diski kwa dakika chache, menyu ikawaka. Akapiga mluzi. Akachomeka diski ya nje ili arudishe vile alivyonakili, na hapo mashine ikajibu kwamba nakala haijakamilika na haisomeki.

Haikumtisha. Si ile ya zamani ipo? Akaitoa mpya, akairudisha ya zamani. Sasa mashine ikasema haiitambui diski hii, na kama mwenyewe anataka kuitumia, ifomatiwe kwanza. Kiguu aliliona neno lile lile la mara ya kwanza. Kwa jinsi lilivyofanya kazi vizuri mara ile, alilichukua kuwa ni kupanga, kunyoosha, kama kutandika kitanda kilichovurugika. Akabonyeza ndiyo.

Diski ikafutika yote, ikabaki nyeupe.

Aliona kwamba haina kitu, lakini kitu gani hasa kilikuwemo yeye hakukijua, na asichokijua hakikumuuma. Akairudisha ile kubwa, akatia CD ya mpira aliyoiacha Bisibisi, gemu likasakinika taratibu huku yeye akikatiza chumba huku na huko kwa magongo, na lilipowaka alikaa, kwa mara ya kwanza tangu avunjike, akasahau mguu. Alifungwa mabao ya aibu. Alikuwa ndiyo kwanza ameupata mpira karibu na goli la wenzake Mama Watoto alipoingia.

Mama Watoto alitazama televisheni. Halafu akatazama meza, palipolala skrubu, kifuniko, na ile diski ndogo.

"Umebadilisha diski?"

"Peke yangu," Kiguu akasema kwa fahari, macho kwenye mpira. "Bisibisi alitaka nisubiri mpaka Jumapili."

"Vilivyokuwemo umevihamisha?"

"Nakala ilikataa. Lakini hiyo ya zamani nimeshaifomati, iko safi."

Mama Watoto akakaa kwenye kiti cha dirishani, mkoba bado begani. Kiguu akasimamisha gemu na kugeuka.

"Kijiji changu kilikuwa humo," Mama Watoto akasema.

Ilibidi amweleze, maana mume wake hakuelewa hata nusu. Binti yao alipoondoka, alimwachia mashine pamoja na gemu moja la kujenga kijiji. Unaanza na pori na shoka. Unakata, unalima, unachimba mfereji, watu wanakuja mmoja mmoja wakiomba mahali pa kuishi, unawajengea. Kila alasiri, akirudi kutoka kwenye ile kliniki ya watu wanaougulia, alikaa hapo na pedi ya kuchezea mkononi mpaka asikie pikipiki. Miaka yote hiyo. Alikuwa na soko. Alikuwa na daraja lililomshinda mara nyingi mpaka likasimama. Alikuwa na bustani ya matunda kwenye mteremko, na wanakijiji aliowajua kwa tabia zao, nani mchapakazi, nani mgomvi. Tangu Kiguu avunjike mguu hakukigusa, kwa sababu hakutaka kuchezea mbele za watu.

"Mimi ni watu?" Kiguu akauliza.

Mama Watoto alikuwa anazitazama skrubu mezani.

"Mbona hukuniambia siku zote hizo?"

"Ungekaa lini, nikuambie?"

Hakupaza sauti. Pengine angepaza ingekuwa nafuu, maana Kiguu aliyajua makelele na namna ya kuyakimbia. Mama Watoto aliinuka, akaurekebisha mkoba begani.

"Nakuja sasa hivi," akasema, akatoka.

Kiguu alisikia geti. Akasubiri alisikie tena. Akampigia simu, na simu ikaita chumbani, kitandani, chini ya mtandio. Akasimama mlangoni, akakaa, akasimama. Akajaribu kufika mpaka barabarani, lakini magongo yalizama kwenye mchanga wa nje ya geti na akarudi anatweta. Alipita dukani kwa akili yake, akapita kwa shemeji yake, akapita kliniki, kote akamtafuta mke wake akiwa amekaa pale pale kizingitini. Ikamjia kwamba hajui mke wake akikasirika huwa anakwenda wapi. Hakuwahi kuwepo kuona.

Ndipo akampigia Bisibisi.

"Uliniambia nisifute vitu vya wifi," akasema, "na mimi nikajua hapa hatuna wifi."

Upande wa pili kifaa kikawekwa mezani.

"Kaka," Bisibisi akasema polepole, "mke wako mimi namwitaje?"

Kiguu akafumba macho. Wifi. Tangu siku ya harusi, mbele yake, kila siku ya Mungu, wifi hujambo, wifi karibu, wifi umependeza.

Bisibisi alifunga kibanda akaja na kompyuta yake. Akaichomeka ile diski ndogo, akaipekua kwa kila ujanja alioujua, huku Kiguu akimpumulia shingoni hadi akamwambia akae mbali. Mwisho akatikisa kichwa. Mashine ya namna hii, akaeleza, hufunga vitu vyake kwa ufunguo wake yenyewe, na ukifomati ufunguo hubadilika. Hata kama vipande vimebaki humo, havisomeki tena na mtu. Waliambulia patupu.

Alikuwa anakunja waya aondoke aliposimama ghafla, mkono hewani.

"Muda mfupi baada ya binti yako kwenda chuoni, wifi aliniletea mashine hii niipulize vumbi. Kabla sijaifungua nilinakili gemu zake kwenye flashi. Mimi kila cha mtu nanakili kwanza. Sijui kama ile flashi nimeshaipa kazi nyingine."

"Nenda," Kiguu akasema. "Nenda sasa hivi."

Akaenda. Kiguu akabaki kizingitini, na hapo ndipo alipoonja kusubiri kwenyewe, kule kwa mtu asiye na pa kwenda. Kila pikipiki iliyopita aliinua shingo. Alihesabu matofali ya ukuta wa jirani. Aling'oa nyuzi kwenye pindo la shati lake mpaka pindo likaachia.

Mama Watoto ndiye aliyetangulia kurudi, jua likiwa limeanza kulala juu ya mapaa. Viatu vyake vilijaa vumbi.

"Ulikuwa wapi?" Kiguu akauliza, na maneno yakamkaa vibaya mdomoni.

"Natembea. Kumbe mtaa huu una njia ya kutokea kule nyuma ya kiwanda cha mbao."

"Ipo. Mimi hupita kila siku."

"Najua hupita," Mama Watoto akasema. Lakini alikaa kizingitini, upande wa pili wa yale magongo.

Bisibisi alifika na flashi. Akaingia moja kwa moja kwenye mashine bila kusalimia sana, akatia flashi, akapanga majina ya mafaili jinsi mashine inavyoyataka, akatia CD ya lile gemu la kijiji, na kukaanza tena ule mstari mwembamba unaojaa rangi. Wote watatu wakautazama. Kiguu alishika goti lake zima kwa mikono miwili. Rangi ilisogea kama konokono, ikasimama, ikasogea. Hakuna aliyemtazama, lakini alijua wote wawili wanamsikiliza anavyohema.

Gemu likafunguka.

Ilikuwa asubuhi kwenye skrini. Palikuwa na mto, vibanda vichache vya miti, shamba lenye uzio nusu, na pori kubwa nyuma yake.

"Hiki ni cha zamani," Mama Watoto akasema. "Cha zamani sana. Hapa daraja bado. Soko bado." Akachukua pedi, akasogeza picha polepole kufuata mto, kama mtu anayepita mahali alipozaliwa. "Hawa watu wa kilimani hawajahamia bado."

Mbele ya nyumba kubwa kuliko zote, barazani, alisimama mtu mmoja mwenye sanduku la vifaa. Alipiga hatua kulia, akapiga hatua kushoto. Juu ya kichwa chake pameandikwa jina: Kiguu.

"Huyo nani?" Kiguu akauliza, japo alishasoma.

"Wewe."

"Nilikuwemo?"

"Mwanzoni. Ukianza unachagua mtu wa kukaa naye nyumba moja. Baadaye nilihitaji kiwanja cha ghala."

"Mimi nikaenda wapi?"

Mama Watoto aliweka pedi mapajani. "Nilikutoa."

Bisibisi akawa na kazi nyingi ghafla nyuma ya televisheni, anapanga nyaya ambazo hazikuwa na fujo. Kiguu alimtazama yule mtu wa barazani. Alikuwa amekwisha shuka ngazi, ameelekea mtoni, akageuka njiani kabla hajafika.

"Alikuwa anafanya kazi gani, kabla hujamtoa?"

"Uzio. Gemu lilimpa kujenga uzio. Anaanza, anaacha, anakwenda mtoni, anarudi, anaanza upande mwingine. Mbuzi wote walikula mahindi yangu."

Kicheko kilitoka nyuma ya televisheni, kikazibwa na mkono, kikatoka tena. Mama Watoto aliuma midomo asimfuate, akashindwa. Kiguu alicheka mwisho, na alicheka kidogo, kwa sababu kile kitu kilikuwa kimemchoma mahali.

Lakini mambo hayakunyooka siku hiyo. Mama Watoto hakugusa tena pedi. Alirudi kazini, akapika, akafua, akamsaidia mume wake kuoga bila kuulowesha mguu wa plasta, na kila alipopita mbele ya televisheni aliipita tu. Kiguu aliomba msamaha asubuhi, akaomba na jioni, akaomba wakati mwenzake ana sabuni machoni, mpaka akaambiwa msamaha wake nao hautulii.

Ikapita wiki. Alasiri moja Mama Watoto aliingia, akaning'iniza mkoba, akasimama mbele ya mume wake aliyekuwa anafungwa mabao.

"Sogea," akasema.

Alisogea. Mama Watoto akawasha kijiji chake kidogo akaanza kukata pori. Hakukirudia kile cha kwanza. Mfereji aliuchimba upande mwingine kabisa, kwa kuwa safari hii alijua maji yatakapogoma. Kiguu alikaa pembeni, na alikuwa mtazamaji mbaya kuliko wote waliowahi kuzaliwa. Kata ule. Huyo bibi anataka nini? Kwa nini usipite huku? Aliambiwa anyamaze, akanyamaza kwa muda wa kumeza mate, akauliza lingine. Jumapili alinakili kijiji kwenye diski ya nje, kazi aliyojitwisha mwenyewe, na mstari ulipoanza kujaa alitoka na magongo akazunguka ua mara zote alizotaka, mradi asiguse waya.

Plasta ikatolewa. Mguu ukatokea mwembamba, umepauka, na Kiguu akaukanyagia kazini kabla daktari hajamaliza kueleza namna ya kuukanyaga.

Siku moja katika hizo za mwanzo, Mama Watoto alirudi kutoka kliniki akawasha mashine na mara moja akachukua simu.

"Nani amekata mti wangu wa matunda?"

"Nilipita nyumbani mchana, testa yangu ya umeme niliisahau," Kiguu akasema. Nyuma yake nyundo zilikuwa zinagonga. "Nikakaa kidogo. Ule mti uliziba njia ya soko."

"Ukapanda mwingine?"

"Nilikuwa na haraka."

"Basi njoo uupande," Mama Watoto akasema, akakata simu.

Siku hiyo alirudi jua likiwa bado linawaka, akaupanda mti mahali pasipofaa, wakabishana juu yake mpaka wakati wa kula. Kesho yake alichelewa kama zamani. Keshokutwa aliwahi.